Juu ya Neno "Chumvi" na Jamaa Zake

Mtu akiingia sokoni Bagamoyo na kuomba chumvi, muuzaji hamwulizi, "Chumvi gani?" Humpa haja yake, akapokea fedha, yakaisha. Lakini mwanafunzi akisikia neno lilo hilo katika somo la sayansi, huambiwa ya kwamba mrututu ni chumvi, shabu ni chumvi, magadi ni chumvi, hata jasi wanayoipaka mafundi darini ni chumvi pia. Akimsindikiza babu yake zahanati, husikia mzee akiambiwa apunguze chumvi. Akirudi shambani, humkuta bwana shamba akisifu mbolea ya chumvichumvi. Neno ni moja, mambo ni manne. Sisi tunaofundisha na kuhubiri kwa Kiswahili yatupasa kujua mipaka ya kila maana, kwa sababu katika neno hili kosa si la sarufi tu. Laweza kumdhuru mtu mwilini.

Nianze na maana iliyo ya asili. Kwa Mswahili chumvi ni kitu kinachojulikana kwa ulimi. Chakula kisichotiwa chumvi ni chapwa, kilichotiwa kwa kiasi kimekolea, ikizidi, hakilikii. Maji ya kisima yaliyofikiwa na bahari huitwa maji ya chumvi, na kinyume chake ni maji baridi, hata kama yamekaa juani mchana kutwa; maana neno baridi hapo si la joto, ni la ladha. Kutokana na ladha hiyo yamezaliwa maneno ya mafumbo. Mzee aliyeona mengi amekula chumvi nyingi, yaani amekaa duniani siku nyingi na kula milo mingi. Msimulizi anayeongeza yasiyokuwapo ametia chumvi. Angalia ya kwamba neno la kwanza ni la heshima na la pili ni la lawama, wala hayachanganyiki: hatumwambii mzee kwamba ametiwa chumvi.

Liko na neno munyu, ambalo watu wa Mombasa na Lamu walijua, nalo ni ndugu wa maneno mengi ya bara, kama omunnyo la Waganda. Huku kwetu Mrima neno chumvi ndilo lililoshinda, na Biblia ya Umoja iliyotolewa mwaka 1952 ililitumia, hata likasomwa katika nchi ambazo bahari haijulikani ila kwa habari.

Sasa twende Nunge. Kaskazini ya mji wa Bagamoyo, mahali hapo, yako mashamba ya chumvi, kama yalivyo mengine Saadani. Kila mwalimu wa pwani angewapeleka wanafunzi wake huko siku moja kabla ya kuwafungulia kitabu, kwa kuwa jaruba moja la chumvi hufundisha kuliko ubao. Maji ya bahari huingizwa wakati wa bamvua, bahari inapopanda mno, yakakaa katika jaruba la kwanza. Jua na upepo huyapunguza. Yakiwa mazito kidogo huhamishwa jaruba la pili, kisha la tatu, mpaka yafike majaruba ya mwisho, ambamo chumvi hukaa chini kama mchanga mweupe, watu wakaivuna na kuifanya marundo.

Asiyejua hudhani ya kwamba ndani ya bahari mna kitu kimoja, nacho ni chumvi ya kupikia, na kazi ya jua ni kuondoa maji tu. Sivyo. Katika lita moja ya maji ya bahari mna gramu 35 hivi za vitu vilivyoyeyuka, na katika hizo kama gramu 27 ndizo chumvi ya jikoni. Zilizobaki ni jamaa zake, nao hawatoki majini wakati mmoja. Maji yakipungua hata kubaki kama sehemu ya tano, jasi huwa imekwisha kuanza kujitenga na kushika chini ya jaruba. Yakibaki kama sehemu ya kumi, chumvi yenyewe huanza kuonekana. Wenye kipimo cha Baumé huona kinasoma digrii 25 na kidogo. Wakiyaacha yaendelee kukauka kupita digrii 29 au 30, huanza kushuka chumvi nyingine, za magnesiamu, ambazo ni chungu na huvuta unyevu wa hewa, hata gunia likaloa bila mvua. Kwa hiyo fundi mwema huyafungulia maji yale ya mwisho yakaenda zake. Maji hayo machungu ni mengi ya kloridi ya magnesiamu, na ndani yake imo pia salfeti ya magnesiamu, ambayo watu wa pwani waliijua dukani kwa jina la chumvi ya haluli, dawa ya kuendesha tumbo. Waingereza waliipata katika chemchemi za Epsom, karibu na London, katika karne ya 17. Nasi imo katika bahari yetu wenyewe.

Basi katika shamba moja fundi wa Nunge huzitenga jasi, chumvi na ile chungu, kila moja kwa wakati wake, naye aweza kuifanya kazi hiyo vyema bila kujua jina hata moja la kemia. Anachokijua ni ya kwamba ukiwahi, chumvi ina mchanga usioyeyuka; ukichelewa, ni chungu.

Wahubiri wataniruhusu niongeze jambo hapa. Katika Mathayo 5:13 hunenwa habari za chumvi iliyopotewa na ladha yake, na wanafunzi wenye akili huuliza yawezekanaje, maana kemia husema ya kwamba chumvi safi haipotezi ladha hata ikae miaka elfu. Jibu wanalolitoa wafafanuzi wengi liko pale jarubani. Chumvi ya zamani haikuwa safi. Ilichanganyika na jasi na udongo. Lita moja ya maji huyeyusha gramu 360 hivi za chumvi, lakini jasi huyeyusha gramu 2 na kidogo tu. Rundo la chumvi chafu likinyeshewa mara nyingi, chumvi huenda na maji, jasi hubaki. Kwa macho ni rundo lile lile jeupe. Kwa ulimi si kitu.

Hapo ndipo tunapoingia katika maana ya pili, ile ya mkemia. Yeye hatazami ladha wala rangi, hutazama nasaba. Kwake chumvi ni kitu kinachozaliwa tindikali inapokutana na kinyume chake, ambacho vitabu hukiita besi au alkali. Kila mmoja kati ya wazazi hao ni mkali na huunguza. Wakikutana kwa kipimo, ukali wa wote wawili hufa, wakatoka maji na chumvi. Tindikali iliyomo tumboni mwetu ikikutana na magadi makali ya kutengenezea sabuni, huzaliwa chumvi ile ile ya Nunge. Wala si ajabu mtoto asifanane na wazazi. Hiyo chumvi ya mezani ina madini ya sodiamu, ambayo peke yake hulipuka moto yakitupwa majini, na ina klorini, hewa ya sumu iliyotumiwa vitani huko Ypres mwezi wa Aprili 1915. Vikiungana twavila kila siku pamoja na ugali.

Kwa kipimo hiki cha nasaba, jamaa ya chumvi ni kubwa sana, na wengi wao watu wa pwani waliwafahamu zamani, ila hawakuwaita chumvi. Mrututu, yale mawe ya buluu yanayotumika katika dawa ya vidonda na katika kunyunyizia mibuni na mizabibu, ni chumvi ya shaba. Shura, ambayo pamoja na kiberiti na makaa hufanya baruti, ni chumvi ya potasiamu. Shabu, ya kusafishia maji na kukaza ngozi, ni chumvi ya alumini na potasiamu. Magadi ni chumvi ya sodiamu, lakini mzazi wake mwingine ni tindikali dhaifu, ndiyo maana yenyewe hubaki na ukali wa sabuni. Majina haya yalikuja kwa majahazi na maduka: shabu ni la Kiarabu, shura ni la Kiajemi na la Kihindi. Mwenye duka wa Bagamoyo wa miaka mia iliyopita alikuwa na kabati la kemia bila kujua, kila mtungi na jina lake, wala mitungi haikuchanganywa.

Ajabu yenyewe ni ya kwamba sukari, ambayo kwa sura ni pacha wa chumvi, haimo katika jamaa hii kabisa. Chumvi ikiyeyuka majini hugawanyika vipande vidogo sana vyenye umeme, hata maji yake hupitisha mkondo wa umeme. Sukari huyeyuka bila kugawanyika hivyo, na maji yake hayawashi taa. Jaribio hilo ni rahisi kwa betri mbili za tochi na taa ndogo, nalo huwapendeza watoto. Ndugu wa sura si lazima awe ndugu wa ukoo.

Sasa shida ndiyo hii. Siku moja, nilipokuwa nikieleza habari za mrututu, mtoto aliuliza, "Mwalimu, kama mrututu ni chumvi, mbona mama hautii katika mchuzi?" Wenzake walicheka. Mimi naliona ya kwamba ndiye peke yake aliyenisikiliza. Yeye alikuwa na neno moja lililomaanisha kitu cha kuonja, nami nalimpa sumu chini ya jina hilo hilo. Mrututu ukimezwa hutapisha, na gramu chache zaweza kuua. Iko na chumvi ya zebaki na klorini, nyeupe, haina harufu, nayo ni sumu kali kuliko hiyo. Mtoto aliyezoea tangu jikoni kwamba chumvi hutambuliwa kwa kuonjwa, atafanya nini akiachwa peke yake mbele ya chupa zilizoandikwa chumvi ya hiki na chumvi ya kile? Shule za msingi za serikali hufundisha kwa Kiswahili tangu mwaka 1967, na shule za sekondari hutumia Kiingereza. Basi sisi wa shule za msingi ndio tunaolikabidhi neno hili mara ya kwanza, na jinsi tutakavyolikabidhi ndivyo litakavyokaa.

Katika zahanati kosa ni la upande wa pili. Huko mganga husema, "Punguza chumvi," akikusudia kitu kimoja tu, sodiamu, ambayo ikizidi huchangia kupandisha shinikizo la damu. Shirika la Afya Duniani hushauri mtu mzima asile hata gramu 5 za chumvi kwa siku, yaani pungufu ya kijiko kimoja cha chai, pamoja na ile iliyokwisha kutiwa katika vyakula. Mgonjwa husikia kwa masikio ya jikoni. Huiacha ile chupa ya chumvi kwa uaminifu wote, lakini kunde zake huendelea kuchemshwa kwa magadi zilainike, na kitoweo chake ni ng'onda, na mchuzi hutiwa vile vidonge vya dukani vya kuongeza ladha. Hukutii chumvi? Sikutii hata chembe, mzee husema, naye hasemi uongo. Lakini katika gramu 100 za chumvi safi mna gramu 39 za sodiamu, na katika gramu 100 za magadi kama yatokavyo ziwani, yakiwa safi, mna kama gramu 30. Kwa hiyo maana ya mkemia, ambayo darasani ilitutia hofu, hapa ingetuokoa: mtu anayejua ya kwamba magadi ni ndugu wa tumbo moja na chumvi hangehitaji kuelezwa mara mbili. Mwanafunzi wa darasa la sita aweza kumfafanulia babu yake jambo hili kuliko karatasi ya dawa.

Wauguzi nao wana maji ya chumvi ya namna yao. Yale yanayotiwa katika mshipa yana gramu 9 za chumvi katika lita moja, yakaribiane na damu yetu. Bahari ina gramu 35, na ndiyo sababu baharia aliyeishiwa maji akinywa maji ya bahari huzidi kukauka. Kwa mtoto anayeharisha, kinywaji cha nyumbani kinachofundishwa ni vijiko sita vya chai vya sukari na nusu kijiko cha chumvi, vyote vikiwa sawasawa bila kilima, katika lita moja ya maji safi. Pakiti ya dawa iliyotengenezwa kwa kawaida ya mwaka 2002 ina vitu vinne: sukari ya glukosi, na chumvi tatu za mkemia, moja tu ikiwa ya jikoni. Hapa kipimo ni uhai. Chumvi ikizidi humdhuru mtoto, na anayeweka magadi mahali pa chumvi kwa kusikia kwamba "yote ni chumvi" amefanya kosa kubwa kuliko la yule mzee. Hivyo undugu ni undugu, lakini ndugu hawashiki kazi ya ndugu.

Neno moja juu ya chumvi yenye madini joto, ambayo sheria ya Tanzania iliitaka tangu miaka ya 1990 ili kuzuia rovu na udumavu wa akili za watoto, hasa katika nyanda za juu za Kusini. Watu wa pwani huuliza kwa nini chumvi yao, iliyotoka baharini, itiwe kitu tena. Ni kwa sababu madini joto katika maji ya bahari ni haba mno, wala hayakai katika chembe za chumvi inapovunwa. Kinachotiwa kwa kawaida ni iodeti ya potasiamu. Nacho, kwa lugha ya mkemia, ni chumvi. Basi tunatia chumvi katika chumvi, na hapo wale watiaji chumvi wa mazungumzo wasipate la kusema.

Wakulima wamejitengenezea neno lao, chumvichumvi, nami nalisifu. Kurudia neno namna hii katika Kiswahili hupunguza nguvu yake au huonyesha kufanana: majimaji si maji yenyewe, ni kitu chenye hali ya maji. Chumvichumvi basi ni kitu cha namna ya chumvi, kisicholiwa. Aliyelibuni hatumjui, lakini alitenda kwa akili kuliko watunga istilahi wengi. Salfeti ya amonia, mbolea ya zamani, ni chumvi kamili ya mkemia. Urea, inayofanana nayo machoni na kuuzwa katika mifuko iyo hiyo, si chumvi kwa nasaba; haikuzaliwa kwa kukutana tindikali na besi. Mkulima huiita chumvichumvi vile vile, wala halimdhuru, maana neno lake ni la mfano tu. Ila asilichanganye na ardhi ya chumvi, ambayo ni ile iliyoingiliwa na maji ya bahari au iliyomwagiliwa bila mfereji wa kutolea maji, hata mpunga ukaungua majani. Huko chumvi ni chumvi kweli, ile ya ulimi, na mbolea haiiponyi.

Katika kufundisha, rai yangu ni hii. Neno chumvi likisimama peke yake libaki mali ya jikoni, kama lilivyokuwa. Tukisema kwa maana ya mkemia, lisiachwe peke yake kamwe: tuseme jamaa ya chumvi, au chumvi ya shaba, chumvi ya potasiamu, na kadhalika, na mara ya kwanza kila moja itajwe kwa jina lake la dukani, mrututu, shura, shabu, haluli, kabla ya jina la kitabu. Wako wanaoona kwamba majina haya ya zamani ni ya waganga na wachuuzi, hayafai katika sayansi. Mimi naona kinyume. Jina la mrututu lina onyo ndani yake, kwa kuwa hakuna mtoto wa pwani aliyewahi kusikia mrututu ukiliwa. Jina la chumvi ya shaba halina. Kurudisha munyu kuwa jina la chumvi ya mezani, ili chumvi iachiwe wakemia, ni jambo ambalo lingependeza katika kitabu na kushindwa sokoni asubuhi ya kwanza.

Na kila chupa ya namna hiyo katika kabati la shule iandikwe majina yote mawili, la dukani kwa herufi kubwa na la kitabu chini yake, pamoja na neno USIONJE.